Daraja la Mwisho la Gongaruka

Hamuza alipopiga simu, Siraj alikuwa amekaa kiti cha abiria katika gari la kufundishia, mguu juu ya breki ya pili, akimwelekeza mwanamke mmoja kurudi nyuma baina ya matairi mawili yaliyofukiwa ardhini. Ilikuwa Alhamisi asubuhi, Jinja. Namba haikuwa na jina. Aliipokea kwa sababu mwanafunzi wake alikuwa ameshazima gari mara tatu na wote wawili walihitaji kupumua.

"We Siraj?" sauti ikasema. "Mi Hamuza. Hamuza wa Namatala."

Siraj akavuta breki ya mkono. Walikuwa hawajasemezana kwa miaka kumi na sita.

"Nimepata Gongaruka," Hamuza akaendelea, kana kwamba waliachana jana. "Diski ni ileile. Mashine nimetengeneza mwenyewe. Lakini ile hatua ya mwisho haichezwi na mtu mmoja. Njoo Jumamosi."

"Nitakuja," Siraj akasema, na simu ikakatika kabla hajauliza lolote.

Gongaruka halikuwa jina lililoandikwa kwenye jalada. Jalada lilikuwa na maneno ya Kiingereza yaliyoliwa nusu na jua, na hakuna aliyejisumbua kuyasoma. Ilikuwa gemu ya magari yenye silaha: mnakimbizana katika mji uliobomoka, mnagongana, mnarushiana makombora, mnaruka juu ya mapaa na mashimo. Jambo moja Siraj hakuliona tena katika gemu nyingine yoyote. Gari likiumia hakukuwa na kitu cha kuokota njiani kikaliponya. Lilipona kwa kuruka tu. Ukipaa, ukabiringika hewani, ukatua kwa matairi manne, bati lilijikunjua na moshi ukakoma. Ukiendesha kwa uangalifu, ulikufa polepole.

Haikupata wapenzi. Ilitoka wakati mmoja na gemu zenye majina makubwa, ikazama. Katika ukumbi wa gemu wa Afande Asadu, pale Mbale, vijana walipanga foleni kungoja gemu ya mpira, na ile televisheni ya chogo ya pembeni, ya zamani yenye mgongo mkubwa, yenye Gongaruka, ilikaa bila mtu. Siraj na Hamuza wakaichukua, ikawa yao.

Mwaka huo, 2009, wote wawili walikuwa kidato cha nne. Siraj alikuwa Msoga wa Jinja aliyeletwa Mbale kusoma kwa shangazi yake, mwalimu wa mtaa wa Nabuyonga. Hamuza alikuwa Mnubi, kitukuu cha askari aliyeletwa kutoka Sudan, mwana wa Hajati Halimah. Siraj hakujua Kinubi, Hamuza hakujua Lusoga, basi walikutana katika Kiswahili. Kwao Siraj, Kiswahili kilikuwa lugha ya vizuizi vya barabarani na watu wenye bunduki. Kwa Hamuza ndipo alipojifunza kwamba mtu anaweza kukitumia kucheka.

Hatua ya mwisho ya Gongaruka iliwapa wachezaji wawili gari moja: mmoja usukani, mwingine bunduki ya juu ya paa. Siraj aliendesha, Hamuza alipiga. Mwishoni kulikuwa na daraja lililokatika katikati, na hawakuwahi kulivuka.

Alasiri moja ya mwezi wa nane, Afande Asadu alipokwenda kuswali, waliichukua pikapu yake. Wazo lilikuwa la wote wawili. Aliyeshika usukani alikuwa Siraj. Kando ya mto Nabuyonga wajenzi wa barabara walikuwa wameacha tuta la kifusi, upande mmoja umelala vizuri, upande wa pili umekatika ghafla. Pikapu ilipaa kweli, pengine kimo cha goti, kisha ikatua kwa pua na kubiringika. Siraj alitupwa nje, akaamka na mchanga mdomoni. Hamuza alibaki ndani, mkono wake wa kushoto umebanwa kati ya mlango na jiwe.

Watu wakaja, kisha Afande. Alikuwa mwanajeshi mstaafu, mrefu, na sauti yake ilitosha kunyamazisha soko. Hakuuliza kama walikuwa wazima. Aliuliza, "Nani aliendesha?"

Siraj alifungua mdomo. Hamuza, akiwa bado amebanwa, akasema, "Mimi."

Hospitali walimkata vidole viwili. Shule ikamfukuza. Afande akafunga ukumbi. Naye shangazi, aliyetaka mwana wa kaka yake awe mbali na rafiki mbaya, akampandisha Siraj basi la Jinja asubuhi iliyofuata. Siraj alijiambia kwamba angesema akifika nyumbani. Halafu kwamba angeandika barua. Halafu miaka ikawa mingi mno kwa barua, na Siraj akawa mwalimu wa udereva, tena mwenye sifa. Kila darasa jipya aliliambia kwamba hajawahi kupindua gari.

Jumamosi ile alifika Mbale baada ya adhuhuri. Mawingu yalikuwa yameufunika mlima wote ulio juu ya mji, na mtaani Namatala kulikuwa na tope la mvua ya asubuhi. Aliyempokea uani alikuwa Zulaika, dada mdogo wa Hamuza. Alikuwa akikaanga gurusa, ile mikate myembamba ya Kinubi, na hakuacha kumimina unga alipomsalimu.

"Hajati hajambo?" Siraj akauliza. "Ningependa kumwamkia kwanza."

Zulaika akageuza mkate. "Mama alifariki mwaka wa tatu huu."

Siraj akakosa pa kutazama. "Sikujua. Wallahi sikujua, dada. Poleni sana."

"Ungejuaje?" Akaepua kikaango, akajifuta mikono, akasogea karibu hata Siraj akarudi nyuma hatua moja. "Nisikilize kabla hajatoka. Kaka yangu anaendesha gari la mikate mwaka wa nane sasa. Leseni yake safi. Shule ya msikiti hapo Nabuyonga wamenunua basi la watoto, wanataka dereva, na kila mtu anasema Hamuza. Mwenyekiti wa kamati ni Afande Asadu. Amesema aliyepindua gari lake hawezi kubeba watoto. Leo baada ya swala ya alasiri wanakaa kumaliza jambo hilo."

"Hamuza ameniitia hilo?"

"Hamuza amekuitia gemu. Hatakuomba kitu, hata akifa. Mimi ndiye ninayekuomba." Alimtazama machoni. "Ndiyo, najua. Aliniambia siku tuliyomzika mama."

Mlango ukafunguliwa na Hamuza akatokea, amenenepa, ndevu zimeanza mvi. Alicheka kicheko chake cha zamani na kunyoosha mkono wa kulia. Wa kushoto ulibaki mfukoni.

Walikula haraka. Chumba kilikuwa kidogo, pazia limeshushwa, mashine imefunguliwa mgongo ili ipate hewa, na feni ya mezani imeelekezwa kwake. Televisheni ilikuwa ya chogo.

"Hizi televisheni bapa zinaiharibu," Hamuza akasema. "Picha inachelewa. Nimetafuta kwenye mtandao watu wanaoicheza. Dunia nzima nimepata ukurasa mmoja. Watu saba! Wote wanalia na daraja la mwisho."

Akampa Siraj padi ya kuchezea. Siraj akaishika kama zamani, vidole gumba juu ya vijiti viwili vya kuelekezea.

"Hapana," Hamuza akasema. "Leo mi naendesha. We piga."

Ndipo akautoa mkono wa kushoto mfukoni. Kidole cha shahada na cha kati havikuwepo. Breki ya Gongaruka ilikuwa kitufe cha juu kushoto, na Hamuza alikuwa amejifunza kukibonyeza kwa kidole cha pete, kwa kuukunja mkono wote mpaka kiwiko kikatoka nje kama bawa. Siraj aliutazama mara moja tu, akageukia kioo cha televisheni.

Mji uliobomoka ukatokea. Siraj alishangaa kwamba aliukumbuka wote: kituo cha mafuta kinachowaka, uchochoro wenye malori mawili meusi, ngazi za soko. Alipiga lori la kwanza kwa kuchelewa, bati lao likakunjika.  Hamuza alikata kushoto, akapanda paa la ghala, wakapaa. Gari likabiringika mara moja, mara mbili.  Walitua kwa matairi manne.

"Unaendesha vizuri kuliko mimi," akasema.

"Naendesha kila siku."

Walifikia daraja mara ya kwanza na kuanguka mtoni. Mara ya pili helikopta iliwamaliza kabla ya kufika. Kila walipokufa, kioo kiliwaonyesha tena polepole jinsi walivyoanguka. Saa ya ukutani ilisema saa tisa na dakika arobaini.

"Zulaika ameniambia kuhusu Hajati," Siraj akasema. "Alikuwa mgonjwa?"

"Presha. Halafu kiharusi." Hamuza akabonyeza kuanza upya. "Lori kulia."

Siraj akalipiga. "Je, alijua?"

"Alijua nini?"

"Kwamba ni mimi niliyeendesha."

Hamuza alikuwa akipanda ngazi za soko kwa kasi, macho hayakuondoka kwenye kioo. "Miezi miwili kabla hajafa nilikuja na gari la mikate, nikataka kumpeleka kliniki. Akakataa kupanda. Akaenda kwa boda, mwanamke mgonjwa vile. Akaniambia, mwanangu, nakupenda, lakini nyuma ya usukani wako sikai." Gari likatua, bati likajikunjua. "Helikopta juu."

Siraj hakupiga. Kombora likapasuka karibu yao na kioo kizima kikawa chekundu.

"Piga, bwana!"

Akapiga. 

"Kwa nini ulisema ni wewe?"

"Mkono ulikuwa umeshaondoka. Niliona adhabu na maumivu vikae mahali pamoja, we ubaki mzima." Akakata kona. "Na nilidhani utasema kesho yake. Nilikupa siku moja, Siraj. We ukachukua miaka kumi na sita."

Hakusema kwa hasira, na hilo lilikuwa zito kuliko hasira. Waliruka paa la hospitali, wakatua. Waliruka reli, wakatua. Helikopta ilianguka nyuma yao ikiwaka. Hawakuwahi, hata wakati ule, kufika hapo wakiwa wazima namna hiyo. Mbele, barabara ikanyooka, na mwisho wake likaonekana daraja, na katikati ya daraja lile pengo.

Kutoka msikitini mwadhini akaanza kuadhini alasiri.

Siraj akaiweka padi chini.

"Unafanya nini?" Hamuza akapaza sauti. "Kuna gari nyuma! Shika!"

"Kikao kinaanza baada ya swala."

"Nani amekuambia kuhusu kikao? Siraj, kaa. Mi sikukuita kwa hiyo!"

"Najua," Siraj akasema, akiwa tayari mlangoni. Nyuma yake gari jeusi liliwafikia, mlio wa bati ukasikika, kisha ule muziki wa kushindwa.

Aliswali safu ya nyuma kabisa bila kujua alisoma sura gani. Kamati ilikaa katika ofisi ya shule, watu watano kuzunguka meza ndefu, viatu vyao mlangoni. Afande Asadu alikuwa amezeeka. Shingo ilikuwa nyembamba ndani ya kola, lakini mgongo ulikuwa wima na macho yaleyale. Siraj alisimama kizingitini.

"Salaam aleikum, Afande. Naitwa Siraj Isabirye. Mwaka 2009 nilikaa Nabuyonga kwa shangazi yangu."

"Waleikum salaam. Mpwa wa yule mwalimu." Afande hakuhitaji kufikiri. "Ulikuwa na Hamuza siku ile. Sema haraka, tuna kazi."

"Pikapu yako niliendesha mimi."

 Nje watoto walikuwa wakichota maji, ndoo zikigongana.

"Rudia."

"Hamuza alikaa upande wa abiria. Niliyeshika usukani ni mimi."

 Midomo ya Afande ikakunjika. "Hamuza amekuleta. Anataka basi, amemtafuta rafiki aje kubeba kosa. Mnafikiri mzee amechoka akili?"

"Hajui nitasema nini. Alinikataza hata kuja."

"Kila mtu anaweza kusema." Afande alisimama, akaegemeza ngumi mezani. "Nikuulize. Aliyeendesha gari lile, aliondoka katika klachi na nini?"

Mmoja wa wajumbe akakohoa, hakuelewa swali. Siraj naye hakuelewa.  Alijaribu kulirudia gari akilini, kiti chake, harufu ya dizeli, usukani uliofungwa kitambaa. Hamuza anacheka kando yake. Yeye mwenyewe peku, ndala ameziacha ukumbini ili asisikike. Anakanyaga klachi. Maumivu.

"Waya," akasema. "Raba ya klachi ilikuwa imetoka. Ulikuwa umefunga kipande cha kandambili za tairi kwa waya, na ncha ya waya ilikuwa imesimama. Ilinichoma. Nilikuwa peku."

"Wapi?"

"Chini ya kidole gumba. Mguu wa kushoto. Ilitunga usaha Jinja, nikamwambia baba nimekanyaga msumari."

Afande akakaa, polepole, kama mtu anayetafuta kiti gizani. Aliinua mguu wake wa kushoto kidogo chini ya meza, akautazama ukiwa ndani ya soksi, akaushusha.

"Mwaka mzima ule waya ulinichoma," akasema, akiwaambia wenzake zaidi ya Siraj. "Kila siku nasema nitaukunja. Hakuna aliyeujua ila mguu wangu." Kisha sauti ikapanda. "Miaka kumi na sita! Mama yake alikuja kwangu kupiga magoti kwa ajili ya mwanawe. Nilimwambia, Hajati, mwana wako ni mharibifu. Nilimwambia hivyo, mbele ya watu. Na wewe ulikuwa wapi?"

"Jinja, Afande."

"Unafanya kazi gani huko Jinja?"

Hilo ndilo swali aliloliogopa tangu alipopanda basi. "Ninafundisha udereva."

Mtu mmoja akacheka, akajizuia.

"Mwajiri wako anajua?"

"Hajui."

"Atajua kwako au kwangu?"

"Kwangu. Jumatatu."

"Nitapiga simu Jumanne kuhakikisha. Toka." Siraj alipogeuka, Afande akaongeza, "Mwite Hamuza. Mi mwenyewe nitaongea naye. We hapana."

Hamuza alikuwa tayari getini, amefika kwa boda, tope hadi magotini. Alimpita Siraj, akaingia. Siraj alingoja chini ya ukuta wa shule. Hakusikia maneno, alisikia tu sauti ya Afande ikinguruma, kisha ikishuka. Hamuza alipotoka macho yake yalikuwa mekundu na ufunguo wa basi ulikuwa mkononi.

"Amesema nilizungushe uwanjani Jumatatu, yeye akiwa ndani," akasema. "Mzee ameniomba msamaha. Afande! Sijui hata nilimjibu nini."

"Alhamdulillahi."

"Usiniambie alhamdulillahi." Hamuza akakaza ufunguo. "Unadhani nafurahi? Maneno yale yangeweza kusemwa mama akiwa hai. Dakika tano tu. Umetumia dakika tano, Siraj, nimehesabu hapa getini."

 Siraj akauliza kama anaweza kupelekwa kwenye kaburi la Hajati kabla ya basi la Jinja kuondoka.

"Leo hapana," Hamuza akasema.

Jumatatu asubuhi Siraj aliingia ofisini kwa Madam Milly, mwenye shule ya udereva, akamweleza yote akiwa amesimama. Milly hakuwa mtu wa kelele. Alimuuliza kama kuna mtu alikufa. Alimuuliza ni mara ngapi amewaambia wanafunzi kwamba hajawahi kupindua gari. Kisha akamwambia aache ufunguo mezani. Kwa muda ambao hakuutaja, angefundisha alama za barabarani darasani, na gari lake angepewa mwingine. Wenzake walijua kabla ya saa sita. Wiki ile ya kwanza wawili kati yao walimwita Rubani.

Mbale, Hamuza alianza kazi siku shule zilipofunguliwa. Siraj alilijua hilo kwa Zulaika, aliyemtumia picha ya basi na vichwa vya watoto madirishani. Kutoka kwa Hamuza mwenyewe halikuja neno lolote, wiki moja, wiki mbili, mwezi. Siraj aliandika ujumbe mara nyingi na kuufuta. Mwishoni aliacha kuandika, akawa anafundisha alama zake na kungoja bila haki ya kungoja.

Ujumbe ulikuja Jumatano moja, mfupi. "Ijumaa njoo mapema. Tutaenda kwa mama kabla ya swala."

Makaburi yalikuwa kwenye mteremko, nyasi zimefyekwa karibuni. Hamuza alimwonyesha mahali kwa kidevu, akawasalimu wafu, akasoma dua yake kwa sauti ya chini. Kisha akarudi hadi kwenye ua wa miti, akampa Siraj mgongo na kuangalia barabara, ili lile lililobaki lisemwe na yule aliyekuwa na deni la kulisema. Siraj alichuchumaa. Alianza kwa jina lake, na jina la shangazi yake, kwa sababu ilikuwa zamani na pengine Hajati asingemkumbuka.